Macho ya Komba: Kwa Nini Moyo Hulainika Mbele ya Picha za Kitoto?

Mwaka 2009, nilipokuwa nikisomea shahada ya uzamivu ng'ambo, rafiki yangu mmoja alinitumia picha fupi ya video kwa njia ya intaneti. Ndani yake alionekana mnyama mdogo mwenye manyoya laini na macho makubwa ya mviringo, amelala chali juu ya kitanda, na mkono wa binadamu ukimtekenya kwapani. Kila alipotekenywa aliinua mikono yake miwili juu na kutulia, kana kwamba anaomba atekenywe tena. Ilikuwa majira ya baridi, jua linatua alasiri, nami nilikuwa mbali na kwetu. Niliitazama video ile mara tatu, nikacheka peke yangu, kisha nikawapelekea ndugu na marafiki. Nilikuwa mwanafunzi wa elimu ya viumbe, tena wa ngazi ya juu, na halikunijia swali hata moja.

Miaka mingi baadaye, mwanafunzi wangu wa mwaka wa pili alinisogezea simu yake baada ya kipindi cha maabara. "Dokta," aliniuliza, "huyu si komba wetu?" Alikuwa mnyama wa aina ileile, akiinua mikono vilevile. Nilimjibu kwamba si komba bali ni lorisi, jamaa yake komba anayeishi katika misitu ya kusini na kusini-mashariki ya Asia. Mengine niliyomwambia yalikuwa marefu, na sehemu yake kubwa ndiyo haya ninayoyaandika hapa. Kuhusu ile mikono iliyoinuliwa nitaeleza mahali pake. Kwanza yafaa tuelewe kwa nini mtu mzima mwenye akili timamu aliweza kuitazama mara tatu.

Kila mwenye simu ya kisasa anazijua picha ninazozisema. Kitoto cha paka kinapigana na uzi. Ndama wa tembo anateleza topeni na kujaribu kusimama. Mtoto mchanga anaangua kicheko kwa sababu baba yake anachana karatasi. Pamoja na hizo zipo picha za wema: kijana anamvusha barabara bibi kizee, au askari anayerudi nyumbani bila taarifa anakumbatiwa na mamaye. Picha za namna hii zilikuwapo tangu mwanzo. Video ya kwanza kabisa kuwekwa YouTube, tarehe 23 Aprili 2005, ilimwonyesha kijana amesimama mbele ya tembo katika bustani ya wanyama ya San Diego, Marekani. Mwaka 2012 wataalamu wa Google waliuachia mfumo wa kompyuta wenye vichakataji 16,000 ujifunze wenyewe kutokana na picha milioni 10 zilizotolewa YouTube, bila kuuambia utafute nini. Miongoni mwa vitu ulivyojifunza kuvitambua ilikuwamo sura ya paka. Kompyuta haina mapenzi na paka. Ilijifunza kile ambacho binadamu walikuwa wamekijaza humo.

Kiswahili hakina neno moja la sifa hii. Wajapani huiita kawaii. Sisi husema mtoto anapendeza, anavutia, ni mtamu, na shangazi zetu humfinya mashavu wakisema watammeza. Katika makala haya nitaiita haiba ya kitoto.

Kanuni ya Lorenz

Aliyeianzishia haiba hiyo mjadala wa kisayansi ni Konrad Lorenz, mtaalamu wa tabia za wanyama kutoka Austria. Katika makala ndefu aliyoichapisha kwa Kijerumani mwaka 1943, alidai kwamba binadamu huzaliwa akiwa tayari kuitikia mkusanyiko fulani wa maumbo: kichwa kikubwa kuliko kawaida kikilinganishwa na mwili, paji la uso lililojitokeza mbele, macho makubwa yaliyo chini ya nusu ya urefu wa kichwa, mashavu ya mviringo, mikono na miguu mifupi minene, mwili laini, na mwendo wa kuyumbayumba. Ili kulionyesha jambo hilo alichora vichwa kwa jozi. Upande mmoja aliweka mtoto wa binadamu, panya-jangwa, mbwa mdogo wa Kipekini na ndege mdogo wa kifua chekundu. Upande wa pili aliweka mtu mzima, sungura-mwitu, mbwa wa kuwindia na ndege mwenye mdomo mrefu. Msomaji alitakiwa ajiulize ni upande upi unaomfanya atake kunyoosha mkono.

Lorenz alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1973 pamoja na Karl von Frisch na Nikolaas Tinbergen. Si haki kumtaja bila kusema pia kwamba alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1938, na kwamba baadhi ya maandishi yake ya miaka ile yamechafuliwa na siasa hizo. Wazo lake kuhusu sura ya kitoto limedumu kwa sababu wengine walilipima upya, si kwa sababu ya heshima ya jina lake.

Sababu ya kibayolojia ni rahisi kuieleza. Mtoto wa binadamu huzaliwa akiwa dhaifu mno. Ndama wa nyumbu husimama na kukimbia siku ileile aliyozaliwa. Mtoto wetu huhitaji karibu mwaka mzima ili apige hatua ya kwanza, na miaka mingi zaidi kabla ya kujitafutia chakula. Mama peke yake hamwezi. Panahitajika bibi, shangazi, kaka, hata jirani. Katika ukoo ambao watu wake walivutwa na sura ya mtoto mchanga, watoto wengi zaidi walipona, nao wakaurithi mvuto huohuo.

Hapa lakini lipo jambo ambalo wanafunzi wangu hulipita haraka. Chukua kifaranga cha kuku na kinda la njiwa. Kifaranga, saa chache baada ya kuanguliwa, hutembea na kudonoa mwenyewe. Kinda la njiwa huanguliwa likiwa karibu uchi, macho yamefumba, mdomo mkubwa na ngozi iliyokunjamana, wala haliwezi kuishi hata siku mbili bila wazazi wake. Kama mioyo yetu ingekuwa inapima shida, ingelihurumia kinda la njiwa kwanza. Lakini kadi za salamu na video zimejaa vifaranga, na mtu anayeonyeshwa kinda la njiwa mara nyingi hukunja uso. Kinachotuvuta, basi, ni umbo. Shida tunaidhania tu, kwa sababu katika maisha ya wahenga wetu umbo na shida vilikuja pamoja, ndani ya mtoto wa binadamu.

Komba naye yumo katika kosa hilohilo. Macho yake makubwa si ya utoto. Ni macho ya mnyama wa usiku, anayekamata panzi na nondo gizani. Ni makubwa ili yakusanye mwanga mdogo uliopo, na kwa kuwa hayageuki vizuri ndani ya matundu yake, komba hulazimika kugeuza kichwa kizima. Komba mzima, mzee, mwenye wajukuu, ana macho hayohayo. Watu wa pwani waliomfahamu kwa karibu hawakumwona kuwa malaika. Walimjua kama mwizi wa tembo juu ya minazi, na mpaka leo mtu aliyezidiwa na pombe husemwa amelewa kama komba.

Watengenezaji wa bidhaa waliigundua kanuni ya Lorenz kwa njia ya soko, bila kumsoma Lorenz. Mwanapalontolojia wa Marekani Stephen Jay Gould alionyesha mwaka 1979 jinsi Mickey Mouse, panya wa katuni aliyeanza kuonekana mwaka 1928, alivyobadilishwa kidogo kidogo kwa miaka 50: kichwa kikakua, macho yakakua, na tabia yake ya ukorofi ikapungua. Mwaka 1985 watafiti wawili wa Uingereza, Robert Hinde na L. A. Barden, walipima dubu wa kuchezea wa miaka mbalimbali na kuona kwamba pua zilifupika na mapaji ya uso yakapanda kadiri miaka ilivyokwenda. Ungedhani watoto ndio waliotaka hivyo. Utafiti mwingine wa mwaka 1995 ulionyesha kwamba watoto wa miaka 4 hawakupendelea dubu mwenye sura ya kitoto. Waliompendelea ni wale wa miaka 6 na 8. Kwa hiyo yawezekana mabadiliko yale hayakuongozwa na mtoto anayelala na dubu, bali na wakubwa wenye fedha za kumnunua.

Yanayotokea ndani ya ubongo

Mwaka 2008 Morten Kringelbach na wenzake wa Chuo Kikuu cha Oxford waliwaonyesha watu picha za nyuso za watoto wachanga na za watu wazima, huku wakipima mabadiliko ya usumaku yanayotokana na kazi ya ubongo. Kwa nyuso za watoto, sehemu moja ya ubongo iliyo nyuma ya paji, juu kidogo ya macho, inayohusika na kuthamini vitu vinavyotufurahisha, iliamka baada ya takribani sehemu moja ya saba ya sekunde. Kwa nyuso za watu wazima haikufanya hivyo. Muda huo ni mfupi kuliko ule unaohitajika ili mtu afikiri na kuamua. Mwaka uliofuata, Melanie Glocker na wenzake walizibadilisha picha za watoto kwa kompyuta, wakaongeza au kupunguza ukubwa wa macho na paji la uso. Wanawake 16 ambao hawajazaa walizitazama wakiwa ndani ya mashine ya kupigia picha ubongo. Kadiri sura ilivyozidi kuwa ya kitoto, ndivyo sehemu ya ubongo inayohusika na tuzo na hamu ilivyozidi kufanya kazi.

Jaribio ninalolipenda zaidi lilifanywa Japani. Hiroshi Nittono na wenzake wa Chuo Kikuu cha Hiroshima, katika makala yao ya mwaka 2012, waliwapa wanafunzi 48 mchezo wa kutoa vipande vidogo kutoka kwenye matundu membamba kwa kutumia koleo, bila kugusa kingo. Kisha nusu yao walitazama picha za vitoto vya mbwa na paka, na nusu nyingine picha za mbwa na paka wakubwa. Waliporudia mchezo, kundi la kwanza lilifanikiwa zaidi kwa asilimia 44 hivi, na kundi la pili kwa asilimia 12 tu. Katika jaribio jingine picha za vyakula vitamu hazikuleta nafuu hiyo, kwa hiyo furaha peke yake haitoshi kuwa maelezo. Inaelekea kwamba sura ya kitoto huamsha uangalifu, kama ule wa mtu anayemshika mtoto mchanga kwa mara ya kwanza. Hata hivyo, mwalimu asikimbilie kubandika picha za paka katika chumba cha mtihani. Wanafunzi 48 wa chuo kimoja ni wachache, na jaribio la namna hii hupata uzito linaporudiwa mahali pengine na watu wa namna nyingine.

Na yule shangazi anayetaka kummeza mtoto? Hata yeye amefanyiwa utafiti. Oriana Aragón na wenzake wa Chuo Kikuu cha Yale waliandika mwaka 2015 kwamba watu wengi, wanapozidiwa na haiba ya kitoto, hutamani kufinya, kuuma au kukaba, bila nia yoyote ya kuumiza. Walipendekeza kwamba hisia kali hujipoza kwa kutoa ishara iliyo kinyume chake, kama vile tunavyolia siku ya harusi. Wafilipino wana neno la hali hiyo, gigil.

Sayansi ya mambo haya hujisahihisha, na mfano mzuri ni wa mbwa. Mwaka 2019 Juliane Kaminski na wenzake waliripoti kwamba mbwa wa nyumbani wana msuli unaoinua sehemu ya ndani ya nyusi, ukayafanya macho yaonekane makubwa na yenye huzuni, na kwamba mbwa-mwitu wa kaskazini, wanaofugika wakawa mbwa, karibu hawana msuli huo. Ilielezwa kwamba binadamu, kwa maelfu ya miaka, waliwapendelea mbwa wenye macho ya kuomba. Hadithi tamu sana. Lakini mwaka 2024 watafiti wengine waliukuta msuli huo, tena umekua vizuri, katika mbwa-mwitu wa Afrika, yule mwenye mabaka ambaye tunaye Ruaha na katika Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, na ambaye hajawahi kufugwa na mtu. Labda hutumia uso kuzungumza na wenzake mawindoni. Maelezo ya mwaka 2019 hayajafa, ila sasa yanadaiwa ushahidi zaidi.

Wema unaosambaa

Picha za wema ni jamaa wa karibu wa picha za kitoto, ingawa si kitu kimoja. Jonathan Haidt wa Marekani, tangu mwaka 2000 hivi, amechunguza hisia anayoipata mtu anayeshuhudia wema wa mtu mwingine: joto kifuani, koo kukaza, na hamu ya kutenda jambo jema. Alan Fiske na wenzake wameipa hisia iliyo karibu nayo jina la Kisanskriti, kama muta, yaani kuguswa na upendo (neno hilo kama halihusiani na letu). Mwaka 2019 watafiti wa Oslo walionyesha kwamba video za wanyama wenye haiba huamsha hisia hii, na zaidi sana pale wanyama wale wanapoonekana wakipendana wenyewe kwa wenyewe. Sisi tumekuwa tukisema moyo umelainika, na nadhani usemi wetu unatosha.

Je, mema husambaa kuliko mabaya? Utafiti hutoa majibu mawili yanayoonekana kupingana. Jonah Berger na Katherine Milkman walichunguza karibu makala 7,000 za gazeti la New York Times, na mwaka 2012 wakaripoti kwamba zile zenye kuleta hisia njema zilitumwa kwa wengine zaidi kuliko zenye kuleta hisia mbaya, ingawa hasira na wasiwasi navyo vilisukuma watu kutuma. Mwaka 2023 watafiti wengine walichambua vichwa vya habari zaidi ya 105,000 vya Upworthy, tovuti iliyoanzishwa mwaka 2012 hasa kwa ajili ya kusambaza habari za kutia moyo. Waliona kwamba kila neno baya lililoongezwa katika kichwa cha habari cha urefu wa kawaida liliongeza kwa asilimia 2.3 kiwango cha watu waliofungua habari ile. Hata dukani kwa wema, kumbe, mlango ulifunguliwa kwa neno baya.

Mimi sioni mgongano. Kufungua ni tendo la siri; mtu hufungua kwa udadisi wake mwenyewe, kama anavyogeuza shingo penye ajali. Kutuma ni tendo la hadharani, na mtu hutuma kile ambacho angependa kujulikana nacho. Anayewatumia wenzake kitoto cha paka asubuhi anawaambia pia kwamba yeye ni mtu mpole. Haya ni maelezo yangu, na mwanafunzi ana haki ya kuyapinga.

Kuhusu manufaa ya picha hizi kwa afya ya moyo, mwaka 2015 Jessica Myrick wa Marekani aliwahoji karibu watu 7,000 wanaotazama video za paka. Walisema kwamba baada ya kutazama walijisikia wachangamfu zaidi na wenye wasiwasi mdogo. Lakini waliohojiwa walijitokeza wenyewe, na wengi walipatikana kupitia kurasa za wapenzi wa paka. Ni sawa na kusimama mlangoni mwa uwanja wa mpira na kuuliza nani anapenda mpira. Jaribio kali zaidi, la kampuni ya Facebook, lilihusu watumiaji 689,003 kwa juma moja mwezi Januari mwaka 2012, bila kuwaomba ridhaa yao; kwa baadhi yao habari njema zilipunguzwa, kwa wengine habari mbaya. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2014 yalionyesha badiliko dogo mno, kiasi cha neno moja katika kila maneno elfu waliyoyaandika. Kelele iliyofuata ilihusu ridhaa zaidi kuliko matokeo, na ilistahili.

Nani analipa?

Sasa nirudi kwa lorisi na mikono yake. Lorisi ni miongoni mwa mamalia wachache sana wenye sumu. Upande wa ndani wa mkono, karibu na kiwiko, ana tezi inayotoa majimaji. Akiyalamba yakachanganyika na mate, kuumwa kwake kunaweza kumletea binadamu mshtuko wa hatari. Anapotishwa, huinua mikono juu ya kichwa ili tezi ile iwe karibu na mdomo. Mnyama niliyemtazama akitekenywa hakuwa akiomba atekenywe tena. Alikuwa anajihami. Alikuwa pia mnyama wa usiku aliyelazwa chini ya taa kali, na wafanyabiashara wa lorisi wana desturi ya kuwakata meno bila ganzi ili wasimuume mnunuzi.

Biashara ya kimataifa ya lorisi ilipigwa marufuku mwaka 2007 chini ya mkataba wa CITES, miaka miwili kabla ya video ile. Anna Nekaris na wenzake, katika makala ya mwaka 2013, walichambua maoni zaidi ya 12,000 yaliyoandikwa chini yake. Baadhi ya walioandika walitamani kuwa na mnyama kama yule nyumbani. Kila aliyeitazama na kuituma aliisaidia ipande, kwa sababu mitambo ya mitandao hii huhesabu muda tunaotazama na idadi ya wanaotuma. Haihesabu mnyama anasikia nini. Mmoja wa waliohesabiwa ni mimi.

Baada ya hapo zilikuja video za uokozi wa kughushi. Mtu humweka kitoto cha mbwa shimoni, au karibu na chatu, huwasha kamera, kisha humwokoa. Haiba ya kitoto na wema, vyote viwili, katika dakika tatu. Na si wanyama peke yao. Mwaka 2022 mjini Melbourne, Australia, kijana mmoja alimwomba mama asiyemfahamu amshikie shada la maua, kisha akaondoka akimwachia maua yale kama zawadi. Mwenzake alirekodi. Mamilioni waliitazama na wengine walitokwa na machozi. Mama yule alilieleza shirika la utangazaji la nchi yake kwamba alijisikia amevuliwa utu wake: watu walidhania kuwa ni mpweke na mwenye huzuni, ilhali yeye alikuwa anakunywa kahawa yake. Nikiona kwetu video ya mtu akimkabidhi masikini mfuko wa unga mbele ya kamera, humkumbuka.

Watoto nao ni hivyo hivyo. Ufaransa ilitunga mwaka 2020 sheria inayotaka sehemu ya mapato ya mtoto anayeonyeshwa mitandaoni kwa biashara ihifadhiwe mpaka akue. Jimbo la Illinois, Marekani, lilianza kutumia sheria ya namna hiyo mwaka 2024. Sheria yetu ya Mtoto ni ya mwaka 2009, wakati simu zenye kamera na intaneti zilikuwa mikononi mwa wachache, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ni ya mwaka 2022. Mtoto mwenye umri wa miaka miwili anayechekesha taifa leo akiwa bafuni atakuwa kidato cha pili siku moja, na wenzake watakuwa na simu.

Nisingependa msomaji adhani kwamba nasema haiba hii ni sumu tupu. Jijini Nairobi, ndani ya hifadhi ya taifa, kipo kituo cha kulelea ndama wa tembo walioachwa yatima, cha shirika la Sheldrick lililoanzishwa mwaka 1977. Daphne Sheldrick, aliyefariki mwaka 2018, alihangaika miaka mingi kabla ya kupata mchanganyiko wa maziwa unaomfaa ndama mchanga. Mafuta ya nazi yalikuwa sehemu ya ufumbuzi. Walezi hulala zizini pamoja na ndama usiku. Picha za ndama hao huzunguka dunia nzima, na watu wa mbali huchanga fedha kwa njia ya intaneti, kila mmoja akimfadhili ndama anayemjua kwa jina. Tembo waliolelewa hapo wamerudishwa porini Tsavo, na baadhi yao wamezaa huko. Hapa haiba ya kitoto imefanya kazi iliyoumbiwa: imemletea yatima chakula.

Shida ni wale wasiokuwa nayo. Chura wa Kihansi aliishi mahali pamoja tu duniani, katika hekta chache zilizolowanishwa na rasharasha za maporomoko ya mto Kihansi, milima ya Udzungwa. Ni mdogo, hafiki sentimita 3, na hazai mayai bali huzaa watoto kamili. Wanasayansi walimpa jina rasmi mwaka 1999, wakati uleule bwawa la umeme lilipokuwa likikamilishwa juu yake. Maji mengi yalipoelekezwa kwenye mitambo, rasharasha zilikoma. Karibu vyura 500 walisafirishwa Marekani mwaka 2000 ili wazalishwe huko, na mwaka 2009 ilitangazwa kwamba spishi hii imetoweka porini. Baadhi walirudishwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na mwaka 2012 wakaanza kurejeshwa Kihansi chini ya rasharasha za mabomba. Waliookoa chura huyu ni watafiti, watunza bustani za wanyama na fedha za umma. Sijapata kutumiwa video yake na rafiki yeyote. Vivyo hivyo tumbusi: mwaka 2015 spishi nne za Afrika ziliwekwa katika daraja la walio hatarini kabisa kutoweka, na kichwa chao cha upara hakimsaidii mtu kulainika moyo.

Jaribio kwa ajili ya shule

Kanuni ya Lorenz inaweza kupimwa darasani bila simu wala umeme. Zinahitajika karatasi, penseli na rula. Chora maumbo manne ya yai yenye ukubwa mmoja, yawe vichwa. Katika la kwanza weka macho kwenye nusu kamili ya urefu. Katika la pili weka macho ya ukubwa uleule, lakini chini ya nusu kwa kiasi cha sehemu moja ya kumi ya urefu. La tatu liwe kama la kwanza, ila macho yawe makubwa mara moja na nusu. Katika la nne unganisha mabadiliko yote mawili. Pua na mdomo viwe sawa katika yote, maana ukibadili mambo mengi kwa pamoja hutajua lipi limeleta matokeo.

Waonyeshe wanafunzi 30 au zaidi wa darasa jingine, mmoja mmoja, bila kuwaeleza kusudi, na ubadilishe mpangilio wa picha kwa kila mmoja ili ile ya kushoto isipendelewe kwa sababu ya mahali pake. Swali liwe moja: yupi ungependa kumtunza? Andika majibu katika jedwali, wavulana na wasichana mbali mbali, na wenye wadogo zao nyumbani mbali na wasio nao.

Sehemu ya pili ni ngumu zaidi. Tafuta katika vitabu vya biolojia picha za kifaranga, kinda la njiwa, komba, chura na tumbusi. Kundi moja liulizwe yupi wangependa kumtunza. Kundi la pili lisomewe kwanza sentensi mbili kuhusu hali halisi ya kila mnyama, kisha liulizwe swali hilohilo. Tofauti kati ya majedwali mawili ndiyo ninayotaka kuijua, kwa kuwa itatuambia maarifa yana nguvu kiasi gani mbele ya jicho. Walimu watakaolifanya jaribio hili wanaombwa kumpelekea mhariri matokeo yao pamoja na idadi kamili ya walioulizwa, hata kama vichwa vyote vinne vitapata kura sawa, na hasa kama kinda la njiwa litashinda.